Mashtaka ya Wizi wa Umeme: Tujue Mwendo wa Kesi

(Maneno yaliyosemwa mbele ya wafanyakazi wa mgodi na wakaaji wa Fizi na Baraka)

Mmetuita tuseme juu ya watu wanaoshtakiwa kwamba wameiba umeme. Wengine watacheka. Watasema: hapa Fizi na Baraka umeme uko wapi hata uibwe? Ni kweli. Maji yanayozungusha mashine za Ruzizi yanatelemka mpaka katika ziwa letu hili la Tanganyika. Mtambo wa kwanza ulijengwa katika miaka ya 1950, wa pili ukaanza kazi mwaka 1989. Lakini wengi wetu hapa tunawasha taa kwa moteri ya jirani ao kwa kibao cha jua. Walakini watoto wetu hawakai hapa tu. Wanakwenda kutafuta kazi katika miji yenye nguzo, wanapanga chumba katika nyumba ya mtu, na waya wanaukuta umekwisha kufungwa. Na hata hapa kwetu, mwenye moteri anayeuza moto kwa nyumba kumi anaweza kwenda polisi kesho na kusema: fulani amejifungia waya usiku, ananiibia. Basi neno hili si la mbali.

Tuanze na mwenzetu mmoja. Jina lake hatulitaji, wala mji, wala kampuni iliyomshtaki. Alikuwa mtu wa kazi pamoja nasi mgodini, na jamaa yake ilikaa mjini katika nyumba ya kupanga. Walikuwa wamehamia humo kwa majuma matatu tu. Siku ya Jumamosi, usiku, yeye akiwa nyumbani, walikuja watu wawili wa umeme pamoja na polisi mmoja. Wakaona waya unaopita nyuma ya mita bila kuhesabiwa. Wakauliza: nani mkubwa wa nyumba hii? Akasema: ni mimi. Wakamchukua. Alikaa katika buloko mpaka Alhamisi. Huko alionyeshwa karatasi ya Kifaransa, akaambiwa: tia sahihi uende nyumbani. Akatia sahihi. Akatoa na feza, wala hakupewa risiti.

Huku mgodini tulikuwa tunaandika orodha ya watu waliokosa kazi. Jumatatu tuliandika jina lake, Jumanne, Jumatano, Alhamisi. Mkono ulioandika «hayupo, hana sababu» ni mkono wetu sisi makarani. Aliporudi, nafasi yake ilikuwa imekwisha kupewa mtu mwingine. Leo anabeba mizigo ya mitumbwi. Na kisha miezi mitatu ikaja karatasi nyingine ya kumwita mbele ya tribinali kwa waya uleule. Feza alizotoa hazikuandikwa popote. Sahihi yake iliandikwa.

Msituelewe vibaya. Hatukuja hapa kumtetea mwizi. Mtu anayefunga waya nyuma ya mita anawalipisha jirani zake, anaunguza transfoma ya kartye nzima, na mara nyingine anaua mtoto aliyeshika bati lenye umeme. Mtu wa namna hiyo ashtakiwe. Lakini ashtakiwe sawasawa, maana ile kamba inayomfunga mwizi bila utaratibu ndiyo iliyomfunga mwenzetu ambaye hakujua hata waya uko wapi.

Yafaa kwanza kujua kwamba wizi huu uliwasumbua hata majuji wa Ulaya. Sheria ya wizi inasema juu ya kuchukua kitu cha mtu. Umeme ni kitu? Hauna rangi, haubebwi mfukoni. Katika Ujerumani mahakama kuu ilisema mwaka 1896, ikarudia mwaka 1899, kwamba umeme si kitu kwa maana ya sheria ya wizi. Watu wakaachiliwa, ikawa lazima kutunga sheria mpya mwaka 1900. Ufaransa mahakama ya juu ilisema mwaka 1912 kwamba waweza kuibwa. Katika Uholanzi kulikuwa daktari wa meno wa mji wa The Hague. Alisimamisha gurudumu la mita yake kwa kijiti chembamba cha chuma, taa zikawaka na hesabu ikalala. Aliposhtakiwa akajibu: umeme si mali, sikuiba kitu. Mahakama kuu ya nchi yake ilimjibu tarehe 23 Mei 1921: umeme una bei, unatengenezwa kwa kazi na gharama, unapita kutoka kwa mmoja kwenda kwa mwingine; basi ni mali, na umeiba. Mnaona, hata mtu mwenye elimu kubwa alijaribu mlango huo.

Kwetu Kongo, kodi ya adhabu ni ya tarehe 30 Januari 1940. Inaita wizi kule kuchukua kwa hila kitu kisicho chako, na adhabu yake yaweza kufika miaka mitano ya kufungwa. Kisha ikaja sheria ya umeme ya tarehe 17 Juni 2014, nayo ina sehemu yake ya adhabu. Kwa hiyo mtu akikuambia «umeiba umeme», swali la kwanza ni hili: kwa sheria gani, na kwa tendo gani? Kufunga waya nyuma ya mita ni tendo moja. Kuvunja alama ya risasi iliyofunga mita ni tendo jingine. Kukosa kulipa faktiri ni deni, si wizi, na deni halimpeleki mtu buloko. Tumeona makaratasi yanayochanganya hayo matatu kama maharagwe na mchele katika sahani moja. Konstitisyo yetu ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 17, inakataza kumshtaki mtu kwa tendo ambalo halikuwa kosa katika sheria siku lilipotendwa. Basi tendo lazima litajwe waziwazi.

Kifungu hicho hicho cha 17 kinasema neno ambalo kila mpangaji angelipasa kulishika kama anavyoshika ufunguo wa nyumba: hakuna mtu anayeshtakiwa, anayekamatwa ao kuhukumiwa kwa kosa la mtu mwingine. Hapo ndipo mashtaka mengi ya umeme yanapokosea njia. Wanauliza: nani mkubwa wa nyumba? Hawaulizi: nani alifunga waya, na lini? Mume hayupo, wanamchukua mke. Mwenye nyumba yuko mbali, wanamchukua mpangaji. Baba hayupo, wanamchukua kijana aliyefungua mlango. Kukaa katika nyumba si ushahidi kwamba wewe ulikata waya. Mwenzetu yule alikuwa na karatasi ya kupanga yenye tarehe. Karatasi hiyo ingeonyesha majuma matatu, na waya wenyewe ulikuwa na kutu na utando wa buibui. Hakuna aliyeandika kutu. Hakuna aliyeuliza karatasi. Naye, kwa hofu, hakuitoa.

Sasa tuseme juu ya hiyo karatasi ya Kifaransa. Ni proseverbali, ao PV kama tulivyozoea kusema. Sheria ya mwendo wa kesi za adhabu ni dekreti ya tarehe 6 Agosti 1959. Tazameni tarehe: ilitiwa sahihi miezi kumi na moja kabla ya uhuru, na Wabelgiji, kwa lugha yao, na babu zetu hawakuisoma. Ni zaidi ya miaka sitini sasa, nasi bado hatujaisoma, ingawa ndiyo inayotushika mkono tukikamatwa. Sheria hiyo inataka PV iandikwe na ofisa wa polisi ya mahakama, yule tunayemwita OPJ, na mwisho wake aandike kiapo kwamba PV hiyo ni ya kweli. Si kila mwenye kofia ni OPJ. Fundi wa kampuni anaweza kusema alichokiona, kama shahidi yeyote, lakini kupanda nguzo hakumpi amri ya kumhoji mtu wala kumfunga. Na kitu kinachochukuliwa, iwe mita ao kipande cha waya, yapasa kuonyeshwa kwa yule aliyekutwa nacho na kuelezwa katika PV. Mita isiyoandikwa namba yake, ikitupwa katika gari pamoja na mita nyingine kumi, kesho nani atajua ipi ni ya nani?

Ukipewa PV, usitie sahihi kwa sababu umechoka. Uliza isomwe kwa Kiswahili, ao Kibembe, ao Kifuliiru, lugha unayoielewa. Kifungu cha 18 cha Konstitisyo kinasema mtu akikamatwa aambiwe upesi sababu ya kukamatwa, na kwa lugha anayoielewa. Aambiwe pia haki zake, naye anaweza mara moja kuwasiliana na jamaa yake ao wakili wake. Ukiona wameandika «nimekubali kwamba niliiba» nawe ulisema «nimekubali kwamba waya upo», hayo si maneno mamoja. Kati ya maneno hayo mawili kuna miaka mitano.

Juu ya saa na siku tutapita upesi, maana ni hesabu tu. Kupekua nyumba kusianze mbele ya saa kumi na moja ya asubuhi wala baada ya saa tatu ya usiku, isipokuwa juji ametoa ruhusa; kosa linaloonekana papo hapo lina njia yake, lakini hata hilo lataka PV. Polisi hawezi kumweka mtu zaidi ya saa 48; zikiisha, amwachilie ao ampeleke mbele ya wakubwa wa sheria. Parke ikimshika kwa karatasi ya muda, siku tano zisipite bila kumpeleka mbele ya juji. Juji akikubali akae ndani, ni siku 15 kwanza, kisha ataangalia tena. Kutoka Jumamosi usiku mpaka Alhamisi, ndani ya buloko ya polisi, hesabuni wenyewe. Na yule anayemfunga mtu bila haki, kodi ya adhabu inamwekea yeye mwenyewe kifungo cha mwaka mmoja mpaka mitano.

Neno la feza ni zito zaidi, tutakaa hapo kidogo. Wengi wanafikiri kutoa feza kwa polisi ni kumaliza kesi. Ndiyo, sheria ya 1959 inajua njia ya namna hiyo. Kwa makosa fulani, kama yaonekana tribinali ingetoza amande tu, ofisa anaweza kumwambia mtu alipe kiasi fulani, na kesi inakwisha. Lakini feza hizo ni za hazina ya serikali. Zinaandikwa, zinatolewa risiti. Zikipita chini ya meza, mbele ya sheria hujalipa kitu. Tena umeacha alama mbaya, maana watu watasema: asiye na kosa alilipa nini? Mwenzetu alilipa ili aende nyumbani. Kama angeliuliza risiti, huenda wangelimwonyesha kiasi cha haki, ao wangelimwachilia bila feza. Hatujui. Tunachojua ni kwamba leo hana karatasi ya kuonyesha.

Wengine mtasema: haya ni maneno ya kitabu, hapa petu hakuna sheria. Tunawakumbusha mwezi wa Februari 2011. Mahakama ya kijeshi ilikuja kukaa hapa Baraka, kuhukumu maaskari walioshtakiwa kwa kunajisi wanawake wa Fizi siku ya mwaka mpya. Watu walikuja kwa wingi, wakaona kwa macho. Washtakiwa walikuwa na mawakili. Mashahidi walisikilizwa. Luteni-kanali alihukumiwa miaka 20. Kama maaskari walioshtakiwa kwa jambo baya namna ile walipewa wakili na nafasi ya kusema, kwa nini mtu wa kipande cha waya asipewe? Kifungu cha 19 cha Konstitisyo hakitenganishi kosa kubwa na dogo.

Tena tutazame ng'ambo ya ziwa. Jamaa zetu wengi walivuka mwaka 1996 wakati wa vita, wakapelekwa Nyarugusu katika jimbo la Kigoma, na mpaka leo tuna ndugu huko. Wao wako chini ya sheria ya Tanzania, iliyotokana na Waingereza, na huko majuji wameandika mengi juu ya kesi zilizoharibika njiani. Tangu mwaka 1951 mahakama ya rufaa ya Afrika ya Mashariki ilionya kwamba mtu akisema «ni kweli» mbele ya hakimu, haitoshi. Aelezwe kila sehemu ya kosa, naye akubali kila sehemu. Mwaka 1973, katika kesi ya Adan iliyotoka Kenya, mahakama hiyo iliweka hatua zote: mashtaka yasomwe kwa lugha ya mshtakiwa, maneno yake yaandikwe kama alivyoyasema, mshtaki aeleze mambo yalivyotokea, kisha mshtakiwa apewe nafasi ya kuyakana. Akiyakana, jibu lake libadilishwe, na kesi isikilizwe upya kama ya mtu aliyekataa. Mtegeeni sikio ninyi wenye ndugu Kigoma: anayesema «ndiyo, waya ulikuwapo, lakini niliukuta» hajakubali kosa. Amekataa.

Huko Tanzania tena, kuharibu mitambo ya umeme ao kuitia kampuni ya serikali hasara yaweza kuingizwa katika makosa ya uhujumu wa uchumi. Makosa hayo hayasikilizwi mpaka mkurugenzi wa mashtaka atoe kibali chake cha maandishi. Mara nyingi mahakama ya rufani imefuta kesi nzima, watu wakiwa wamekwisha kukaa gerezani miaka, kwa sababu karatasi hiyo moja haikuwapo ao ilikosewa. Na juu ya vitu vya ushahidi, hukumu ya rufaa namba 110 ya mwaka 2007 inataka karatasi zifuate kitu tangu kinapokamatwa mpaka kinapowekwa mbele ya hakimu: nani alikishika, alimpa nani, kilikaa wapi. Ile mita katika gari, mnaikumbuka.

Lakini lazima tuseme na upande wa pili, tusije tukawadanganya. Kosa la utaratibu halimsafishi mtu. Katika Kongo juji anaweza kuiacha PV mbovu, na bado akamhukumu mshtakiwa kwa maneno ya mashahidi wengine. Ng'ambo ya ziwa, kesi ikifutwa, mahakama yaweza kuamuru isikilizwe tena tangu mwanzo. Walakini hukumu moja ya mwaka 1966 iliweka mpaka mzuri: kesi isirudiwe kwa ajili ya kumpa mshtaki nafasi ya kuziba matundu ya ushahidi wake mwenyewe. Kwa hiyo aliyeiba kweli asifurahi kwamba polisi alisahau tarehe. Na kampuni inayoibiwa kweli isifurahi kwamba mtu amekaa buloko siku tano, maana kesi iliyoanza hivyo inaweza kuanguka mbele ya juji, na mwizi halisi bado anauza waya kartye ya pili.

Mmeuliza tufanye nini. Sisi makarani tumekubaliana jambo moja dogo kwa upande wetu. Mtu akikosa kazi, hatutaandika tena «hana sababu» mpaka tumetuma mtu nyumbani kwake kuuliza. Kwa upande wenu: unapopanga nyumba, tazama mita pamoja na mwenye nyumba na shahidi mmoja, andika namba yake na hesabu inayoonekana siku hiyo, weka karatasi hiyo pamoja na risiti za kupanga. Ukiona waya usioelewa, nenda ukaseme mbele hawajaja. Mwenye moteri naye aandike ni nyumba gani alizozifungia, na kwa bei gani, asije akamwita mwizi mtu ambaye alisahau kumhesabu. Na ikiwa tribinali imekuhukumu nawe hukuridhika, siku za rufaa ni kumi. Usingoje mwezi uishe ndipo utuletee karatasi.

Tumesema karatasi. Ile iliyomwita mwenzetu iko hapa mkononi, ametupa ruhusa kuisoma. Imeandikwa kwamba ameiba umeme, lakini haisemi ni sheria gani wala ni tendo gani. Sheria ya 1959 inataka siku nane kamili kati ya kupewa karatasi na siku ya kusimama mbele ya juji, na siku moja zaidi kwa kila kilometa mia za safari. Tumezihesabu mara mbili kwa vidole, kisha mara moja kwa kalamu. Ni siku sita. Ataondoka kesho kwa mtumbwi wa asubuhi na karatasi yake ya kupanga, na mmoja wetu atakwenda naye kumsomea Kifaransa. Kama kuna mtu hapa aliyeiona nyumba ile wakati wa mpangaji wa kwanza, ao fundi anayejua waya huota kutu kwa muda gani, abaki nyuma tuzungumze naye kabla ya taa haijazimwa.